Éva Marton: Sauti kubwa haikimbizwi

Hebu jiweke kwenye kiti hiki. Ni mwaka 1987, uko New York, ndani ya jumba la opera la Metropolitan, lile ambalo mashabiki wake huliita tu Met. Umeketi na watu karibu 3,800. Jukwaani kumejengwa kasri la mfalme wa China, linameremeta kutoka chini hadi juu. Mwelekezi wa onyesho, Franco Zeffirelli kutoka Italia, hakuwa mtu wa kubana mkono.

Opera yenyewe inaitwa Turandot. Na Turandot ndiye binti wa mfalme, nyota wa usiku huu, mtu aliyekutoa nyumbani.

Anatokea. Ukumbi unanyamaza. Anatoa ishara, kijana mmoja aliyekuja kumposa anapelekwa kukatwa kichwa, kisha binti mfalme anajiondokea zake. Hajaimba. Hata noti moja! Sehemu ya kwanza inakwisha hivyo hivyo, na kama wewe ni mgeni wa mambo haya utaanza kunung'unika: ati nimelipia tiketi nije kuona mtu akitoa ishara?

Tulia. Karibu saa nzima ya muziki hupita kabla Turandot hajafungua kinywa. Na akikifungua, anaanza moja kwa moja na wimbo mgumu ambao waimbaji wengi wenye sauti nzuri tu huukimbia maisha yao yote. Hakuna kawimbo kadogo ka kupasha koo moto. Ni kama mchezaji aliyekaa benchi mechi nzima, halafu anaitwa apige penalti ya mwisho.

Aliyesimama pale jukwaani ni Éva Marton, mwanamke wa Budapest, mji mkuu wa Hungaria. Alikuwa na miaka 43. Na ukiyafuatilia maisha yake utagundua kwamba nayo yalikwenda kwa mwendo wa opera hiyo: muda mrefu wa kujijenga bila kelele, kisha sauti ambayo hakuna aliyeweza kujifanya hajaisikia.

Ninakuletea habari zake leo kwa sababu moja. Wengi wetu tunataka kuomoka kabla ya kufika miaka 25, na tukifikisha 26 bila kuvuma mtandaoni tunaanza kujiona tumechelewa. Huenda kisa cha mama huyu kikakupunguzia presha. Au kikakuongezea kazi ya kufanya. Twende tu.

Soprano ni nini hasa?

Kama umewahi kuimba kwaya shuleni, neno soprano si geni kwako. Ndio wale wasichana wanaopewa noti za juu, ambao mwalimu akiwakosa siku ya tamasha anashika kichwa.

Lakini kwenye opera, soprano si kundi moja. Kuna soprano nyepesi, sauti inayokimbia na kurukaruka kama ndege kwenye matawi. Halafu kuna soprano nzito, ambayo wenyewe huiita ya kidrama: sauti pana, yenye chuma ndani yake, inayoweza kupenya okestra ya watu 100 wakipiga kwa nguvu zote. Sauti ya Éva Marton ilikuwa ya aina hii ya pili.

Na kumbuka, opera ya kawaida haitumii maikrofoni. Hakuna fundi wa mitambo nyuma anayepandisha sauti yako. Una mapafu, una misuli ya tumbo na mgongo, una kinywa, na una nyuzi mbili za sauti kooni ambazo urefu wake ni sentimita moja na kidogo tu. Mwimbaji wa soprano akiipiga ile noti wanayoiita do ya juu, nyuzi hizo hutetemeka zaidi ya mara 1,000 kwa sekunde moja. Soma tena hapo. Sekunde moja.

Sasa, nyuzi hizo ni nyama kama nyama nyingine ya mwili. Ukizitwika mzigo mzito mapema mno, zinachoka. Zikiharibika, hakuna duka la vipuri. Ndiyo maana walimu wa uimbaji huwa wakali sana kwa vijana wenye sauti kubwa. Sauti nyepesi inaweza kuwa tayari mtu akiwa katika miaka ya 20. Sauti nzito hukomaa polepole, na mara nyingi haifikii uzito wake kamili hadi mwenyewe apite miaka 30. Kijana mwenye sauti hiyo hulazimika kuimba chini ya uwezo wake kwa miaka, huku akiwaona wenzake wenye sauti nyepesi wakimpita.

Unaijua hisia hiyo, si ndiyo?

Msichana wa voliboli

Éva alizaliwa Budapest tarehe 18 Juni 1943. Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Éva Heinrich. Marton ni jina la mumewe, daktari wa upasuaji, ambaye walijaliwa naye watoto wawili.

Angalia mwaka huo vizuri. Vita vya Pili vya Dunia vilikuwa vimepamba moto. Alikuwa hajatimiza miaka miwili wakati Budapest ilipozingirwa, kuanzia mwisho wa Desemba 1944 hadi Februari 1945, na madaraja yote ya mto Danube yanayounganisha upande wa Buda na upande wa Pest yakalipuliwa na majeshi ya Ujerumani yaliyokuwa yakirudi nyuma. Alipokuwa na miaka 13, mwaka 1956, wananchi wa Hungaria waliinuka dhidi ya serikali iliyoegemea Muungano wa Sovieti, na vifaru vya Sovieti vikaingia mjini kuwazima. Huo ndio mji uliomlea.

Lakini ulikuwa pia mji wa muziki. Msomi na mtunzi mkubwa wa nchi hiyo, Zoltán Kodály, aliyefariki mwaka 1967, alishikilia kwamba muziki si mali ya matajiri, ni haki ya kila mtoto, na kwamba chombo cha kwanza cha kila mtoto ni koo lake mwenyewe. Shule zikafundisha kuimba kwa do, re, mi na ishara za mikono. Kwa hivyo mtoto wa Hungaria wa kizazi kile kuweza kuimba lilikuwa jambo la kawaida.

Kisicho cha kawaida ni kwamba Éva alikuwa pia mwanamichezo wa kweli. Alicheza voliboli hadi akafika timu ya taifa ya vijana. Usione hilo ni jambo la kando. Mchezaji wa voliboli hujifunza kusimama imara, kupumua chini ya presha, kuruka mara mia na kurudi chini bila kuumia, na kukubali kwamba jana ulishinda lakini leo mazoezi yako pale pale. Baadaye alipokuwa akisimama jukwaani saa tatu au nne akiwa amevaa mavazi mazito na taji kichwani, mwili ule wa mwanamichezo ndio uliobeba sauti.

Akaingia chuo cha muziki cha Franz Liszt, kilichoanzishwa Budapest mwaka 1875 na Liszt mwenyewe, yule mpiga piano aliyewatia watu wazimu Ulaya nzima. Mmoja wa walimu wake alikuwa Endre Rösler, mwimbaji wa tenor aliyeheshimika sana nchini humo.

Mistari michache ya kuanzia

Sasa sikiliza alivyoanza. Nafasi yake ya kwanza ya kulipwa ilikuwa katika Madama Butterfly ya Puccini, kwenye maonyesho ya kiangazi ya kisiwa cha Margit, kilicho katikati ya mto Danube. Utadhani alikuwa Butterfly mwenyewe? Wapi! Alikuwa Kate Pinkerton, mke wa Kimarekani anayejitokeza karibu na mwisho, anaimba mistari michache, basi. Kuna watu hutoka ukumbini bila kukumbuka kwamba alikuwepo.

Mwaka 1968, akiwa na miaka 25, akaingia kwenye jumba la Opera ya Taifa ya Hungaria, na hapo akaanza na nafasi ya maana: Malkia wa Shemakha katika opera ya Rimsky-Korsakov kuhusu jogoo wa dhahabu. Alikaa pale miaka minne hivi akijifunza kazi.

Miaka minne, bana. Kwa hesabu ya mitandao, huo ni uzee.

Lakini hebu fikiria kinachofanyika kwenye jumba la opera. Unafika mazoezini asubuhi. Unajifunza Kiitaliano, Kijerumani, wakati mwingine Kirusi, maana huwezi kuimba neno usilolielewa na ukaaminika. Unajifunza kutembea na gauni refu bila kulikanyaga. Unajifunza kumtazama kiongozi wa okestra kwa pembe ya jicho huku ukijifanya unamtazama mpenzi wako. Unawatazama waimbaji wakubwa na unaiba siri zao. Hakuna hata kimoja cha haya kinachoonekana kwenye picha, lakini siku kikikosekana kila mtu anaona.

Mlango wa Frankfurt

Mwaka 1972 mlango ukafunguka. Christoph von Dohnányi, aliyekuwa akiongoza opera ya Frankfurt nchini Ujerumani, alimwalika aimbe nafasi ya Countess katika Ndoa ya Figaro ya Mozart. Na ajabu ni kwamba Countess naye haonekani kabisa katika sehemu ya kwanza. Anangoja. Sehemu ya pili inapoanza, anasimama peke yake na kuimba polepole, bila kelele za kumficha. Noti ikitetereka, ukumbi mzima unajua.

Mwaka huo huo aliimba Florence, Italia, katika opera ya Rossini kuhusu Guglielmo Tell, chini ya kijana mmoja aliyekuwa akiibuka, Riccardo Muti. Leo Muti ni miongoni mwa viongozi wa okestra wanaoheshimika zaidi duniani.

Mwaka 1973 akaingia Vienna na Tosca. Mwaka 1976 Met ikamwita kwa mara ya kwanza, akaimba nafasi ya Eva katika opera ya Wagner kuhusu waimbaji mabingwa wa Nuremberg. Alikuwa na miaka 33. Mwaka 1977 akawa Hamburg, mwaka 1978 La Scala mjini Milan, mwaka 1979 Chicago.

Unaona mwendo huo? Ni ngazi, si lifti. Mozart kwanza, ambaye husafisha sauti. Kisha Verdi na Puccini. Wagner na Strauss, wale wenye okestra kama radi, anawaingia taratibu, kwa nafasi ambazo koo lake linaweza kuzibeba.

Kisha ukaja mwaka 1981, hapo hapo Met. Opera ilikuwa ya Richard Strauss, kisa cha malkia asiye na kivuli. Jukwaani alikuwepo Birgit Nilsson wa Sweden, malkia wa sauti nzito wa kizazi kilichotangulia, mwanamke aliyekuwa amemiliki Turandot kwa miaka mingi. Nilsson alikuwa na miaka 63 na bado alikuwa akiimba. Éva, aliyecheza yule malkia asiye na kivuli, alikuwa na 38. Wasikilizaji walitoka ukumbini wakijua kwamba wameona kijiti kikibadilishana mikono.

Miaka 13 tangu aingie Opera ya Taifa kule Budapest. Hapo ndipo wengine walipoanza kusema ati ametokea ghafla.

Dada aliyeitwa Callas mpya

Ili uelewe uzito wa jambo hili, lazima nikuambie habari za Mhungaria mwingine, Sylvia Sass. Yeye alizaliwa Budapest mwaka 1951, akasoma chuo kile kile cha Liszt, akaanza kwenye jumba lile lile la Opera ya Taifa mwaka 1971, akiwa na miaka 20 tu. Alikuwa na kila kitu: sauti yenye giza tamu, macho makubwa, na kipaji cha kuigiza kinachokufanya usahau kupumua.

Mwaka 1976 akaimba London kwenye jumba la Covent Garden. Mwaka 1977 akaimba Tosca pale Met, akiwa na miaka 25. Magazeti yakapandwa na wazimu. Wakasema amezaliwa upya Maria Callas, yule Mgiriki aliyekuwa jina kubwa kuliko yote katika opera ya karne ya 20.

Ni sifa hiyo? Ni sifa. Ni mzigo pia. Ukishaitwa fulani mpya, kila usiku watu hawaji kukusikiliza wewe. Wanakuja kukupima na mtu mwingine. Na nafasi alizokabidhiwa zilikuwa nzito, moja juu ya nyingine, katika umri ambao nyuzi za sauti bado zinajitafuta. Kufikia mwanzo wa miaka ya 1980, wakosoaji wale wale waliomnyanyua wakaanza kuandika kwamba sauti imechoka. Majukwaa makubwa ya kimataifa yakapungua.

Tafadhali usinielewe vibaya. Sass hakushindwa maisha. Aliendelea kuimba, akafundisha, akachora picha, na mwaka 1979 alirekodi na Georg Solti opera ya Bartók kuhusu ngome ya Bluebeard, rekodi ambayo wapenzi wa muziki huo wanaithamini hadi leo. Ukiisikiliza utajua kwamba kipaji kilikuwepo, tele. Na siwezi kukaa hapa nikajifanya daktari wa koo la mtu.

Ninachosema ni hiki: wasichana wawili, mji mmoja, chuo kimoja, jukwaa la Met walilikanyaga mwaka mmoja baada ya mwingine. Mmoja alifika hapo akiwa na miaka 33, bila jina la mtu mwingine mgongoni. Mwingine alifika akiwa na miaka 25, amebebeshwa jina la Callas. Nani kati yao aliyepewa nafasi ya kukua kwa amani?

Kitendawili! Tega!

Turudi kwa Turandot, maana ndiye aliyemfanya Éva ajulikane kila pembe ya dunia ya opera.

Kisa chake utakielewa haraka, kwa sababu umekulia kwenye vitendawili. Binti mfalme hataki kuolewa. Anayemtaka lazima afumbue vitendawili vitatu. Sisi ukishindwa unaombwa mji, mambo yanaisha kwa kicheko. Kwa Turandot, ukishindwa unatoa kichwa. Majibu ya vitendawili vyake ni matatu: tumaini, damu, na Turandot mwenyewe. Anakuja mwana wa mfalme asiyejulikana, anavifumbua vyote, na binti mfalme anabaki ameshikwa na hofu, kwa sababu hakuwahi kujiandaa kwa mtu atakayeshinda.

Mtunzi wake, Giacomo Puccini, alifariki Brussels mwaka 1924 kabla hajaimaliza. Mtunzi mwingine, Franco Alfano, aliimalizia kwa kufuata karatasi alizoziacha. Ilipozinduliwa La Scala mwaka 1926, kiongozi wa okestra Arturo Toscanini alisimamisha onyesho pale pale ambapo kalamu ya Puccini ilikomea.

Ugumu wa kuimba Turandot ni kwamba kila mtu yuko dhidi yako. Okestra nzima inapiga. Kwaya nzima inaimba. Na wewe, mtu mmoja, lazima usikike juu ya wote, tena ukiwa baridi kama barafu, kwa sababu ukionekana unajikaza, ubinti mfalme umekwisha.

Mwaka 1983, akiwa ametimiza miaka 40, Éva aliimba Turandot kwenye opera ya Vienna. José Carreras ndiye aliyekuwa mwana wa mfalme, Lorin Maazel akaongoza okestra, na Harold Prince, mwelekezi kutoka Marekani, akapanga jukwaa. Onyesho hilo lilirekodiwa. Miaka minne baadaye ikaja Met na Zeffirelli, Plácido Domingo akiwa upande wa pili na James Levine mbele ya okestra. Hilo nalo lilipigwa picha, na ndilo nililokuketishia mwanzoni mwa makala haya. Katika miaka ya 1990 akaimba San Francisco, kwenye jukwaa jekundu lililobuniwa na mchoraji David Hockney. Wakurugenzi wa majumba makubwa walipomtaka Turandot, jina lake lilikuwa la kwanza midomoni.

Hata taya likiteguka

Usidhani kazi hii ni taji na maua tu. Katika Tosca, kuna pahali ambapo mkuu wa polisi, Scarpia, anamkabili Tosca kwa nguvu, nao hupambana jukwaani. Usiku mmoja huko Met, katika purukushani hiyo ya kuigiza, kiwiko cha mwenzake kilimpata Éva kwenye taya kwa bahati mbaya. Taya likateguka.

We ungefanya nini? Mimi ningeanguka na kuomba gari la wagonjwa. Yeye aliendelea kuimba, akaimaliza Tosca. Na wimbo mzuri kuliko yote katika opera hiyo, ule wa mwanamke anayemuuliza Mungu kwa nini anamlipa hivi, uko katika sehemu hiyo hiyo.

Sikusifii kuumia. Mtu akiumia apumzike, aende hospitali. Lakini nilipokijua kisa hicho nilirudi kumfikiria yule msichana wa voliboli. Miaka ya mazoezi hujificha mwilini. Hujui iko wapi hadi siku unapoihitaji.

Tosca hiyo hiyo aliiimba mwaka 1984 kwenye uwanja wa Arena wa Verona, Italia. Jengo hilo lilijengwa na Warumi karne ya kwanza, halina paa, na maelfu ya watu huketi kwenye ngazi za mawe chini ya nyota.

Binti akawa mama

Kuna jambo moja katika maisha yake ambalo mimi hunigusa kuliko yote.

Mwaka 1989 huko Vienna, chini ya Claudio Abbado, aliimba Elektra ya Strauss. Elektra ni binti ambaye mama yake, Klytämnestra, alimuua baba yake. Anaishi uani kama mbwa akingoja siku ya kisasi. Ni karibu dakika 100 bila mapumziko, na Elektra hukaa jukwaani karibu muda wote, okestra ikiwa kubwa kupita kiasi. Wataalamu huitaja kama mojawapo ya nafasi ngumu kuliko zote kwa sauti ya mwanamke.

Mwaka 2008, Barcelona, nchini Uhispania, Éva Marton akapanda jukwaani tena katika opera ile ile. Safari hii hakuwa binti. Alikuwa mama, Klytämnestra, nafasi ya sauti ya chini zaidi, ya mwanamke aliyezeeka na asiyepata usingizi kwa dhambi zake. Alikuwa anakaribia miaka 65.

Fikiria ujasiri huo. Watu wengi mashuhuri hushindwa kukubali kwamba saa imesonga. Hung'ang'ania nyimbo za ujana hadi mashabiki waone haya kwa niaba yao. Yeye alikubali kwamba noti za Elektra sasa ni za mtu mwingine, akaangalia ndani ya opera ile ile na kupata kiti kinachomfaa.

Akarudi darasani

Na baada ya Vienna, Milan na New York, alirudi wapi? Chuo cha Liszt, Budapest. Kuanzia mwaka 2005 aliongoza idara ya uimbaji pale pale alipofundishwa alipokuwa msichana. Mwaka 2014 chuo hicho kikaanzisha mashindano ya kimataifa ya uimbaji yenye jina lake, ambako waimbaji vijana kutoka nchi mbalimbali huenda kujaribu bahati. Nchi yake pia ilimpa Tuzo ya Kossuth, ambayo ni heshima kubwa sana kwa wasanii wa Hungaria.

Alirekodi mengi. Kuna Brünnhilde ya Wagner na kiongozi Bernard Haitink. Na kuna ngome ya Bluebeard, opera ile ile aliyoirekodi Sylvia Sass, safari hii Éva akiwa na Samuel Ramey wa Marekani. Opera hiyo ina waimbaji wawili tu na milango saba. Mwanamke anataka kila mlango ufunguliwe, sasa hivi. Akifika mlango wa saba anagundua alichokuwa akikitafuta, na huwa ameshachelewa kurudi.

Na wewe?

Najua unangoja nikuambie mvumilivu hula mbivu, tufunge makala. Lakini methali hiyo ikisemwa vibaya huharibu watu. Kukaa tu ukingoja bahati si uvumilivu, ni kulala. Éva Marton hakulala miaka ile minne ya Budapest. Alikuwa kazini kila siku, na von Dohnányi alipobisha hodi alimkuta mtu aliye tayari.

Kwa hivyo ukiwa unaimba, unachora, unaandika programu za kompyuta, unakimbia au unajifunza kushona, jiulize maswali mawili. La kwanza: kazi ninayopewa sasa inanikomaza, au inanimaliza? Mistari michache ya Kate Pinkerton ilimkomaza Éva. Nafasi kubwa ikija kabla misuli haijawa tayari inaweza kukuvunja, hata kama marafiki wote wanakupigia makofi. La pili: ninajenga jina langu, au ninavaa la mtu mwingine? Wakikuita fulani mpya, shukuru, tabasamu, kisha urudi mazoezini ukiwa wewe.

Kama hujawahi kusikia opera, anza na ile Turandot ya mwaka 1987. Usiogope lugha, kisa unakijua sasa. Vumilia sehemu ya kwanza, atakapotokea bila kuimba. Binti mfalme atakapofungua kinywa katika sehemu ya pili, funga macho uisikilize sauti hiyo ikipanda juu ya kwaya na okestra nzima, bila maikrofoni, bila msaada.

Kisha ukumbuke kwamba ilimchukua msichana wa voliboli zaidi ya miaka 20 kufika pale. Wewe uko mwaka wa ngapi?